Kikao Kisichopiga Kura

Kanisa la Marafiki, wale waitwao pia Quakers, nilimolelewa, kule Vihiga, magharibi mwa Kenya, lilikuwa la kelele. Ngoma, makofi, mchungaji anayefuta jasho kwa leso, akina mama wakiimba hadi mabati yanatetemeka. Kwa hiyo Jumapili ya kwanza nilipoingia katika jumba la Marafiki wa Toronto, nilikaa nikangoja ibada ianze, nikangoja hadi ikaisha. Watu kama thelathini walikaa kimya, macho chini, kisha wakashikana mikono wakaanza kutafuta kahawa. Nilidhani mchungaji amepatwa na dharura.

Baadaye nilielewa kwamba ni dini moja yenye nyumba mbili. Wazungu waliotuletea imani hiyo walikuwa wa tawi la nyimbo, na hawa wa Toronto ni wa tawi la kimya. Tunachoshirikiana ni jambo moja ambalo bibi yangu alilijua kwa moyo ingawa hakujua kusoma: hatuendi vitani.

Wengi wa wale waliokaa kimya walikuwa Wamarekani wenye umri. Walikuja Toronto wakiwa vijana, wakati serikali yao ilipokuwa ikiwachukua kwa lazima kwenda kupigana Vietnam. Wengine walikuwa watoto wa watu ambao nao walikuwa wamekataa vita kabla yao, wakafungwa. Walivuka mpaka, wakapata kazi, wakaoa, na hata waliposamehewa na kuambiwa warudi, hawakurudi. Sasa walikuwa na mvi, wajukuu na magoti mabovu, na bado Ijumaa jioni walisimama kwenye njia panda na mabango. Vita vya wakati huo vilikuwa vya Iraki. Niliwahi kusimama nao kwenye theluji nikasikia mmoja akimwambia mwenzake, bila hasira, "Nimechoka na bango hili. Nabadilisha jina la nchi tu."

Mimi nilikuwa nafundisha Kiingereza kwa wageni kule mtaa wa Flemingdon Park, kazi inayokuzoeza kueleza jambo moja mara nne kwa njia nne. Nadhani ndiyo sababu walinifanya karani wa kikao.

Ukarani huo unahitaji maelezo. Marafiki hawapigi kura. Mara moja kwa mwezi tunakaa baada ya ibada kuamua mambo ya jumuiya, iwe ni paa linalovuja au mtu anayetaka msaada. Wanaotaka husema, katikati kuna kimya, na karani husikiliza. Anapohisi watu wameelewana huandika sentensi moja au mbili palepale, wenzake wakimngoja, kisha huzisoma. Wakizikubali, limepita. Lakini akiwepo hata mmoja ambaye moyo wake unakataa, jambo linangoja mwezi mwingine, na mwingine. Umebaki mlango mmoja mdogo: anayekataa anaweza kusema, "Nakaa kando," maana yake, sijakubali lakini sitawazuia.

Binti yangu alikuwa darasa la tisa wakati huo. Nilimsemesha kwa Kiswahili, akanijibu kwa Kiingereza, ndivyo tulivyoishi.

"Kwa hiyo mtu mmoja anaweza kuwazuia watu thelathini?" aliniuliza.

"Anaweza."

"Huo ni udikteta, Mum."

"Dikteta hangoji. Sisi tunangoja."

"Ndiyo maana nyote mmezeeka."

Mapema mwaka 2008, katikati ya baridi kali, tuliletewa habari za kijana mmoja, askari wa Marekani. Alikuwa amepelekwa Iraki mara moja, na alipoamriwa kurudi tena akakimbilia Canada. Ombi lake la ukimbizi lilikuwa limekataliwa, na alikuwa anangojea rufaa ya mwisho. Alilala kwenye chumba cha chini ya nyumba moja ambayo ilikuwa inauzwa. Wakili wake, mama mmoja asiyependa kuzungusha maneno, alikuja akatueleza: jumuiya ya kidini ikimchukua chini ya paa lake, na ikasema hadharani kwamba imempokea, huenda jaji akamwangalia kwa jicho jingine. Akisimama peke yake, atarudishwa, na akirudishwa ni jela.

Juu ya ukumbi wetu kulikuwa na chumba kitupu chenye kitanda. Tumpokee au tusimpokee? Niliona ni jambo la dakika kumi. Waliokimbia vita walikuwa wanaombwa chumba na aliyekimbia vita.

Kijana alikuja kikaoni akakaa karibu na mlango, mrefu, shingo nyembamba, anayemwita kila mtu bwana na mama kwa adabu ya watu wa kusini mwa nchi yake. Aliyesimama kumuuliza maswali alikuwa mwalimu mstaafu wa hesabu, mmoja wa wale waliokuja wakati wa Vietnam. Wenzake wote walimwita kwa jina lake la kwanza. Mimi ulimi wangu uligoma, nikamwita Mzee. Siku ya kwanza aliniuliza maana yake, nikamwambia ni heshima. "Yaani nimezeeka," akasema, na jina likabaki.

"Ulijiandikisha mwenyewe jeshini?" Mzee alimuuliza.

"Ndiyo, bwana. Walikuja shuleni kwetu. Walisema watanilipia chuo."

"Hakuna aliyekulazimisha."

"Hapana, bwana."

"Unapinga vita vyote, au hivi tu?"

Kijana aliangalia buti zake. "Vita vyote sijui. Najua zile nyumba tulizokuwa tunavunja milango, watoto wamesimama hapo kwa nguo za kulalia. Huko sirudi."

"Na watu wenye bunduki wakija mtaani kwenu, kwa mama yako? Utafyatua risasi?"

Tulingoja. Sisi ni hodari wa kungoja.

"Sijui, bwana. Labda ndiyo."

Mzee aliitikia kwa kichwa polepole, kama mwalimu aliyepata jibu alilolitarajia. "Ni mkweli, na ninamheshimu kwa hilo. Lakini sisi tunasema hatuui, popote, kwa ajili ya yeyote. Tukienda mbele ya jaji tukasema huyu ni mwenzetu, tutakuwa tumesema uongo. Moyo wangu unakataa."

Walizungumza wengine wengi, wote wakitaka apokelewe. Haikusaidia. Niliandika kwamba hatujaelewana, nikasoma, na hilo tu ndilo tuliloelewana. Kijana alitushukuru, mmoja mmoja, akaenda kupanda tramu, lile treni la barabarani.

Wiki zile nilikuwa silali vizuri. Nyumbani Kenya uchaguzi ulikuwa umeharibika, majirani wakiuana, na ndugu yangu, aliyekuwa na duka nje ya Eldoret, alikuwa amekimbilia kituo cha polisi na watoto wake. Niliamka nikapiga simu, nikaenda kufundisha, nikarudi nikapiga simu. Nikikaa katika kimya cha Jumapili sikusikia amani yoyote. Nilisikia simu isiyopokelewa.

Kikao cha pili kilipita vilevile. Mzee hakupandisha sauti, hakumtukana mtu. Alisema tu kwamba moyo wake haujabadilika. Mwenye ile nyumba alimolala kijana naye alikuwa ameshapata mnunuzi.

Kwetu Vihiga, mzee akizuia jambo barazani, hungoji baraza lijalo. Unamwendea nyumbani kwake na zawadi, mnazungumza, na siku ya baraza inakuta mambo yameiva. Marafiki wa Toronto hawapendi hivyo. Wanaamini neno linapaswa kuzaliwa palepale kikaoni, mbele ya wote. Nililijua hilo. Hata hivyo Jumamosi moja nilinunua sukari kilo mbili na majani ya chai, nikaenda mtaa wa Parkdale, Mzee alikokuwa akiishi peke yake kwenye gorofa ya kupanga.

Alifungua mlango, akaangalia mfuko, akaniangalia.

"Umekuja kunilainisha."

"Nimekuja kukuamkia, Mzee."

"Na sukari."

"Kwetu hatuendi kwa mzee mikono mitupu."

"Nina kisukari, karani."

Tulikunywa chai isiyo na sukari. Hakunipa nafasi ya kuanza. Alinisimulia mwenyewe jinsi alivyokataa jeshi akiwa na miaka kumi na tisa, hadithi ambayo nadhani alikuwa ameisimulia mara nyingi, maana alijua mahali pa kutulia ili msikilizaji acheke. Ukitaka kusamehewa jeshi kwa sababu ya dhamiri, alisema, uliitwa mbele ya bodi ya watu wa mji wenu. Kwao ilikuwa na mwenye duka la viatu, daktari wa meno na baba wa mwanafunzi mwenzake. Walimuuliza kama mtu angemvamia bibi yake mzaa mama, angefanya nini.

"Bibi yangu alikuwa na kilo mia moja na alichinja nguruwe mwenyewe," Mzee akasema. "Ningemwonea huruma huyo mvamizi."

Alitulia ili nicheke. Nilikuwa nimechoka mno.

"Uliwajibu nini, Mzee?"

"Niliwaambia sijui."

"Wakasemaje?"

"Walisema mtu wa amani wa kweli angejua. Wakanikatalia. Ndipo nikaja huku."

Niliweka kikombe chini. "Kijana wetu ulimuuliza swali hilohilo. Naye akakujibu hivyohivyo."

Alijimiminia chai nyingine.

"Si sawa," akasema. "Mimi sikujiandikisha."

"Ni kweli. Hukujiandikisha."

"Aliichukua bunduki kwa hiari yake."

"Aliichukua. Sibishi." Kisha nikamweleza jambo ambalo sikuwa nimemwambia mtu, habari za ndugu yangu na kituo cha polisi, hadi siku aliyopokea simu akiwa hai. "Siku zile ungeniuliza swali la bibi yako, Mzee, ningekujibu kwamba natamani ndugu yangu awe na bunduki. Na mimi ndiye karani wenu."

"Na sasa unasemaje?"

"Bado sijajua."

"Basi itabidi tukutoe na wewe," akasema. "Tutabaki na viti."

Hakuniahidi kitu. Aliponisindikiza alinirudishia sukari, akabaki na majani ya chai.

Katika kikao cha tatu kijana hakuja. Alikuwa anatoa vitu vyake kwenye ile nyumba. Nilisoma jambo lililo mbele yetu. Baada ya kimya kirefu Mzee alisimama, mkono mmoja juu ya mgongo wa kiti.

"Sijabadili mawazo," akasema. "Bado naona kusema uongo kwa jaji ni kosa, hata kwa ajili ya mtu mzuri. Lakini zamani niliulizwa swali na watu waliokuwa wameshaamua jibu. Karani amenionyesha kwamba nimekaa kwenye kiti chao, na sikipendi. Nakaa kando."

Niliandika kwamba tunampokea kijana huyu chini ya paa letu, na kwamba hatusemi juu ya moyo wake zaidi ya alivyosema mwenyewe. Nikasoma. Wakakubali. Mzee peke yake hakuitikia kwa kichwa, na alikuwa na haki yake.

Kijana akahamia juu. Ningependa kukuambia kwamba chumba kile kilimwokoa. Alitengeneza bomba la maji lililokuwa likilia miaka yote, na kila Jumanne Mzee alikuja kumfundisha hesabu, kwa kuwa chuo alichoahidiwa hakukipata na alitaka angalau kuweza kuomba kingine. Ukipita chini ungewasikia wakibishana, na si kuhusu hesabu.

"Kwa hiyo Hitler ungemwachia tu, bwana?"

"Fanya swali la nne kwanza."

"Hujanijibu."

"Na wewe hujafanya swali la nne."

Rufaa ilikataliwa majira ya joto. Jaji aliandika kwamba ameona jumuiya iliyompokea, akaisifu kwa aya moja, kisha akaendelea. Majani yalipoanza kupukutika tulimpeleka mpakani, mimi kwenye usukani, Mzee nyuma pamoja naye kwa sababu ya kitabu cha hesabu walichokuwa hawajamaliza. Kwenye daraja la mpakani kijana alitaka kumrudishia kitabu. "Hujamaliza sura ya saba," Mzee akamwambia, akamfungia mkono juu ya jalada. Tulimwona akiingia na mfuko mmoja. Huko ng'ambo walimkamata, kama alivyoambiwa, na baadaye akafungwa. Njia nzima ya kurudi Toronto Mzee alilala mdomo wazi, nami nikaendesha kwenye njia ya malori, polepole, maana sikuwa na mahali pa kuwahi.

Niliwaambia Marafiki nimechoka, watafute karani mwingine. Walisema watalitafakari, na unajua sasa maana yake.

Kabla hawajalitafakari wakili alipiga simu. Kuna mwingine, askari tena, alijiandikisha mwenyewe tena, safari hii ana mke na mtoto mchanga. Nilimuuliza kama anadhani chumba kitabadilisha chochote. Alisema kwa kweli hapana, au kidogo sana, lakini usiku wa baridi ni usiku wa baridi.

Nililileta kikaoni nikiwa nimejiandaa kungoja miezi. Nilieleza yote, hata yale ya kujiandikisha, ili asiwepo wa kusema nimeficha. Nikaketi. Niliona watu wakijizuia wasimtazame Mzee.

Alisimama taratibu, magoti yakilia.

"Wanafika lini?" akauliza.

"Alhamisi," nikasema.

Akaketi. Nilingoja aongeze kitu. Hakuongeza, wala hakuna mwingine aliyesema. Niliandika sentensi yangu, nikaisoma, ikakubaliwa, na hakuna aliyefurahi hasa. Tulishajua chumba kile kinaweza nini na hakiwezi nini. Kisha wachache wetu tukapanda juu kupima ukuta, kwa sababu kitanda kilikuwa cha mtu mmoja.