Isale kwa Mtu wa Ukungu

Kwetu Old Moshi, ukungu haushuki tu ukapotea. Wapo watu wanaoufinyanga. Shangazi yangu alikuwa fundi wa kazi hiyo, na alipofariki ikaniangukia mimi, kwa sababu moja tu: ndimi niliyekuwa nashinda naye nyumbani. Wenzangu niliosoma nao sekondari wanapandisha wageni mlimani. Mimi ngazi za kanisani tu nahema.

Unanawa mikono kwa maziwa ya asubuhi, unaushika ukungu kabla jua halijagusa migomba, unaukanda mpaka ushike umbo. Mara nyingi naitwa kwa mambo madogo: kutandaza kivuli juu ya miche ya kahawa, na siku moja harusini, kuziba choo cha wageni baada ya mlango kung'oka. Bwana harusi alinishukuru kuliko alivyomshukuru mchungaji.

Sura ya marehemu ni jambo lingine. Shangazi alinionya: sura hufinyangwa korongoni, kamwe si nyumbani, na anayeihitaji asimame upande wa kilele cha Kibo. Ukungu ukishafunguliwa macho, humfuata mtu wa kwanza kuonwa nao.

Basi akaja jirani yangu, mama mjane, ameshika jani la isale lililofungwa fundo, kama tunavyofanya huku mtu anapoomba msamaha.

"Mzee alikufa hajanisemesha wiki mbili," akasema. "Niling'oa kahawa ya baba yake nikapanda maparachichi. Nifinyangie nimpe isale. Akilipokea, jani litalowa. Lisipolowa, nitajua nimebaki na kosa langu."

Asubuhi ile baridi ilikuwa ya kukata masikio. Korongo liko dakika kumi, kwa miguu ya mtu mwingine. Nikamwambia, "Mama, hata hapa uani panafaa."

Nilimfinyanga yule mzee nikiwa kwenye kizingiti changu, blanketi begani. Mabega yalitoka vizuri, hata ule ukosi wa koti uliokunjika upande mmoja. Nikamfungua macho kwa kidole gumba.

Akanitazama mimi.

Mama akamnyooshea isale. "Baba watoto," akamwita. "Baba watoto, niko hapa." Hakugeuka. Alinikodolea macho mpaka jua likamla, kuanzia miguuni. Macho yalikwisha mwisho.

Jani lilikuwa kavu.

"Amenikataa," mama akasema, akaondoka akishika migomba kama kipofu. Nilijua kosa ni langu. Nilichofanya ni kumwambia pole, nikaingia ndani kuota moto.

Kesho yake niliamka nikakuta alama ya unyevu kwenye kioo cha dirisha, kimo cha paji la uso wa mtu mrefu. Nikatoka na tambara, nikafuta. Keshokutwa yake ilirudi, nikafuta tena. Siku ya tatu nilisugua mpaka kwa sabuni, haikutoka. Ilinichukua muda kuelewa kwamba safari hii ilikuwa upande wa ndani.

Nikageuka kutazama sebuleni. Kiti changu, ambacho hata mchungaji akija simpishi, kilikuwa kimelowa chapachapa, kwenye kalio na kwenye egemeo.

Nilikata isale mpakani mwa shamba, nikalifunga fundo, nikaenda kwa yule mama.

"Shikamoo mama."

"Marahaba. Kuna msiba gani, mpaka umefika kwangu kwa miguu yako?"

Nikamnyooshea jani, nikamweleza yote.

"Siku tatu sijameza hata mtori. Kumbe wewe uliogopa baridi?"

"Ndiyo, mama."

"Siku ukifa watakuzika sebuleni, usipate taabu ya kutoka."

Lakini alilipokea, maana huku mtu aliye hai harudishi isale. Alilipokea kwa vidole viwili, kama mtu anayeshika mkia wa panya.

Alfajiri iliyofuata tulienda korongoni, yeye mbele, mimi nyuma. Na nyuma yangu njia nzima nilisikia matone yakidondoka kwenye majani makavu. Nikisimama, yanasimama. Sikugeuka.

Kule korongoni nikafumba macho yangu, nikanyoosha mkono nyuma, nikampapasa mzee usoni kumfuta macho kwa kiganja. Kope zilipepesa chini ya mkono wangu. Nimekanda ukungu miaka mingi, sijawahi kuhisi kitu kama kile.

Mama akasimama upande wa Kibo. Mimi nikajificha nyuma ya mgongo wa mzee, nikazungusha mkono, nikamfungua macho upya.

"Baba watoto," mama akasema, jani mbele. "Ningekuuliza kwanza. Ilikuwa kahawa ya baba yako. Ningekuuliza."

Muda ulipita. Kulipambazuka kabisa, nami nikaanza kutafuta maneno ya kumwambia mama. Ndipo tone moja likajikusanya kwenye ncha ya jani, likaning'inia, likadondoka. Kisha jani zima likalowa, na mkono wake, na mkono wa sweta mpaka kiwikoni.

"Mbishi huyu," mama akasema, akicheka na kulia. "Mpaka leo lazima aningojeshe."

Mzee akapita kifuani mwake kama mtu anavyopita mlango wa nyumba yake, akapanda zake mlimani. Mama alilitia lile jani kifuani, likiwa limelowa hivyo hivyo, akaniuliza kama nyumbani kwangu kuna ndizi, maana ana njaa.

Tukapika mtori. Kiti changu kilikauka siku ile ile. Mpaka leo sikikalii; nakaa kwenye kigoda.