Mkanda wa Ferenki

Gharama nakutajia kwanza, mwanangu, maana sipendi mtu asikilize hadi mwisho ndipo alalamikie bei: kicheko cha dakika kumi kilimgharimu mzee mmoja msiba wake wote. Nimeipiga hesabu hiyo mara mbili, na mara zote mbili aliyepunjwa si mimi.

Nakumbuka nilikuwa kijana pale Bunda, nikitafsiri filamu kwenye banda la video. Nilikuwaga nashika kipaza sauti, picha inatembea, mimi nawasemea wote kwa Kiswahili: jambazi, polisi, mama mkwe. Kichina sikijui, Kihindi sikijui, na hakuna aliyewahi kudai arudishiwe kiingilio.

Asubuhi moja akaja Mzee Magesa wa Mwitongo, kule Butiama, daktari wa mifugo mstaafu aliyesomea Hungaria enzi zile serikali ikipeleka vijana huko. Mkononi alikuwa na mkanda wa video, ameufunga kwenye kanga.

"Huyu ni rafiki yangu, amefariki," akasema. "Alikuwa mwigizaji. Nataka tumalize matanga yake hapa, watu wamwone."

Rafiki huyo tulimwita Ferenki, maana jina lake la ukoo lilitushinda wote; alikuwa mtoto wa fundi cherehani. Miaka miwili ya kwanza jukwaani kazi yake ilikuwa kuingia na barua kwenye sinia, kuinama na kutoka. Hana neno hata moja. Magesa alisema suruali ile ya mtumishi aliipiga pasi kila siku kama anaenda kuoa. Mwisho wakampa maneno, kisha wakampa kuigiza wafalme, akakaa jukwaani miaka arobaini. Filamu alicheza chache, na hii ndiyo ya mwisho. Wenye nyumba walipomkataa Magesa kwa rangi yake, Ferenki alimgawia chumba, wakala sufuria moja.

"Nitakaa karibu nawe nikunong'oneze anachosema," mzee akasema.

"Mzee wangu, utanichelewesha. Kaa benchi la mbele upumzike. Mimi natafsiri hata Kichina."

"Hiki si Kichina."

"Ndiyo maana sikuongezei bei."

Kuuliza si ujinga, mwanangu, lakini alasiri ile nilikuwa na mabenchi kumi na mawili yamejaa, na ulimi hauna mfupa.

Picha ilianza taratibu. Mvua, watu na makoti yao, hakuna hata kofi. Watu wakaanza kukohoa, na mtu wa banda anakijua kikohozi hicho, ni cha kuondoka. Ndipo Ferenki akatokea, mzee mwembamba, amesimama peke yake shambani, anaongea chini chini akiangalia udongo.

"Jamani mbuzi wangu," nikasema kwa lafudhi ya watu wa kijijini Suguti. "Si nilikufunga hapa hapa? Nimeenda kuonja pombe kidogo tu."

Banda likalipuka. Kadiri alivyolia ndivyo nilivyompandisha bei mbuzi.

"Mpeni kamba nyingine!" mtu akadakia kutoka nyuma.

Mzee Magesa hakugeuka. Picha ilipoisha aliutoa mkanda mwenyewe, akaufuta kwa kanga, watu wakimpita huku wanapangusa machozi ya kicheko.

"Kijana," akaniambia, "alikuwa amemzika bintiye wiki mbili kabla ya picha hiyo kupigwa. Pale hakusema maneno ya kuandikiwa. Walimwachia aseme yake, akawa anaongea na mwanawe." Akaufunga tena mkanda kwenye kanga. "Nilitaka watu wawili watatu waseme pole. Basi."

Nikamrudishia hela yake. Hakunyoosha mkono kuipokea.

Nilimfuata Mwitongo anifundishe maneno yale, nimtafsiri upya kwa heshima. Mara ya kwanza alinipa uji, akazungumzia ng'ombe. Mara ya pili akasema nirudi baada ya mavuno. Niliporudi nilikuta turubai la msiba wake limefungwa uani na watu wamekaa chini. Wakanipa pole kama mfiwa, nami nikaipokea, mwanangu, pole ambayo yeye hakuipata.

Basi shika hili. Usimsemee mtu ambaye hujamsikiliza. Mwenye msiba akikupa neno, libebe kama lilivyo, hata mabenchi yakikohoa. Na mzee akikwambia atakaa karibu akunong'oneze, msogezee kiti siku hiyo hiyo, maana mzee si duka kwamba kesho litafunguliwa tena. Mungu akupe sikio pana kuliko mdomo, na wafu wako waliliwe kwa majina yao.

Sasa na mimi nina langu la kukuuliza. Juzi binti wa Magesa alikuja hapa kwangu Nyasho na ule mkanda. Tuliutazama pamoja. Picha ipo, sauti imeliwa na ukungu. Yule mzee anasimama shambani, midomo inatembea tu.

"Hapa ndipo baba alikuwa akilia kila mara," akasema. "Nasikia wewe ndiye uliyetafsiri, baba mdogo. Anasema nini?"

Nimemwomba anipe hadi Jumapili. Nimwambie nini, mwanangu?