Asali ya Upande Mmoja

Jirani yangu Léoncie alinipigia simu Jumamosi moja ya mwezi wa kumi na moja, saa saba mchana, na kabla sijamaliza salamu akasema, "Da Hamdiya, vaa nguo ya mikono mirefu uje. Leo tunahama."

Nilidhani anahama nyumba. Nikaanza kumlaumu: miaka minne tumepakana ua hapa DeSoto, leo ndiyo naambiwa? Kumbe wanaohama ni nyuki.

Mimi ni mtu wa Mombasa, na nyuki nawajua kwa asali tu, ikiwa imeshatiwa chupani. Léoncie ni Mrundi aliyekulia kambini Kigoma, na siku za kazi hupiga pasi mashuka ya hoteli. Babake alifuga nyuki kwenye magogo juu ya miti, na kwao mzinga ni shughuli ya wanaume. Binti alishika mwenge wa nyasi chini, basi. Kwa hiyo elimu yake yote Léoncie aliipata kwa kutazama juu, shingo imekakamaa. Alipopata ua wake mwenyewe huku Texas, aliunda mzinga wa kulala, sanduku refu la mbao lenye miguu minne, akasema sasa tuone nani atanifukuza.

Lakini nyuki walimfia mara mbili. Msimu wa kwanza alivuna asali yote mwezi wa kumi kama babake, akaigawa kwa kila nyumba ya Warundi wa parokia yao, hata mimi Mwislamu nikapata chupa. Kwao nyuki akinyang'anywa leo, kesho hutoka kutafuta maua. Hapa atoke akatafute nini, mwezi wa kwanza? Wakafa njaa.

Msimu wa pili hakugusa hata tone. Aliwaacha nyuki katikati ya sanduku, asali kushoto na asali kulia, vilevile babake alivyopenda. Ikaja wiki ya barafu. Siku alipofungua nilisimama nyuma yake, mbali kidogo. Nyuki walikuwa wamejibana kwenye ukuta wa kushoto, wafu, vichwa ndani ya vijumba vitupu. Upande wa kulia asali ilikuwa nzima, haijaguswa. Alilia, nami nikalia, wala sikuwa na nyuki mie.

Alikaa na jambo lile siku nyingi mpaka akalipatia jawabu. Wakati wa baridi nyuki hukumbatiana wakawa fundo moja, na fundo hilo husogea taratibu kufuata chakula, upande mmoja tu. Walikwenda kushoto, wakamaliza, na baridi ikawazuia kuvuka kurudi kulia. Babake hakuwa na haja ya kulijua hilo, kwani Kigoma hakuna barafu.

Huu ulikuwa msimu wa tatu, na alikuwa ameshamwambia mumewe, Zéphyrin, kwamba hawa nao wakifa, sanduku atalikata kuni na hatafuga tena. Léoncie hasemi hivyo kwa mzaha. Zéphyrin alikuwa zamu kwenye ghala lake, ndiyo maana nikaitwa mimi mwoga.

"Weather inasema jioni upepo unageuka, usiku ita-freeze," aliniambia, macho yanawaka. "Tuna masaa matatu. Nyuki wote wakae mwisho huu, penye mlango. Asali yote iwafuate upande ule. Wakianza kula, wanakwenda mbele tu, hawana pa kupotelea."

"Na mimi nafanya nini?"

"Unashika masega. Kila moja linaning'inia kwenye mti wake huu wa juu tu. Usiyainamishe."

Akapuliza moshi, akafunua. Niliogopa, sifichi, lakini haikuwa hofu tupu. Harufu ile! Nta, asali na moshi wa majani makavu, na mvumo wa maelfu chini ya mikono yetu. Léoncie alitoa sega moja la kushoto, zito kama mtoto mchanga, akanipa, akasogeza la pili. Alifanya kazi huku akicheka peke yake. Nikajikuta nami nacheka, sijui nacheka nini.

Sega la tatu ndilo lililoniponza. Lilikuwa jeupe, limefunikwa vizuri, jua linapenya ndani. Nikaliinamisha nilitazame. Likakatika kwenye mti wake, likaanguka nyasini puu, nyuki wakainuka, mmoja akanichoma kidole.

"Usikimbie," alisema Léoncie.

"Nani anakimbia?" Nilikuwa nimeshafika kwenye geti.

Nilirudi na aibu yangu. Alilitazama lile sega lililojaa nyasi na udongo, akahesabu yaliyobaki kwa midomo. "Kumi. Mungu akipenda yatatosha." Hakunilaumu, na hilo ndilo lililoniuma kuliko kidole. Tukasukuma fundo la nyuki mpaka mwisho wa sanduku, tukapanga masega kumi mfululizo mbele yao, akaweka kibao kuziba nafasi tupu na kupunguza mlango ubaki mwembamba, panya asipite. Alipofunga kifuniko upepo wa kaskazini ulikuwa umeshaanza kupeperusha mtandio wangu.

Usiku ule baridi ilikuwa ya kupita tu; barafu yenyewe ilikuja mwezi wa kwanza, siku nne. Mzinga haufunguliwi kwenye baridi, kwa hiyo tulibaki kubahatisha. Léoncie alitega sikio kwenye mbao asubuhi na jioni, akasikia upepo tu. Mimi kila nilipokula niliwaza lile sega moja. Wakifa, mwuaji ni nani kama si mimi?

Siku ya tano jua likatoka. Saa sita mchana nilikwenda kwenye gari langu, jeupe, nililolinunua baada ya kuhudumia wazee wa watu miaka sita, nikalikuta limetapakaa matone ya manjano, juu, mbele, vioo vyote. Nilimwita Léoncie kwa sauti ya kugombana na mtaa mzima.

Alitoka na malapa, akatazama, akagusa tone moja, akanusa kidole.

"Da Hamdiya," alisema taratibu, "nyuki haendi choo ndani ya nyumba yake. Anabana siku zote za baridi, mpaka jua litoke."

Nilihitaji muda kuelewa kwamba aliyekufa haendi choo. Yeye hakungoja. Alipiga vigelegele pale barabarani hadi jirani wa ng'ambo akafungua mlango. Nami, mtu wa kugombana kwa tone la chai kitini, nilizunguka gari lile nikiyahesabu madoa, na kila nililoliona jipya nilimwita aje alitazame.