Nilipoichora Dunia Nikaisahau Chovai

Naona haya kusimulia, lakini kwa vile Kismayu nzima inasimulia kwa namna yake (na kila mmoja anaongeza chumvi), bora mnisikie mwenyewe, kisha mniambie kosa langu lilikuwa wapi.

Skuli ninayofundisha sayansi ilitaka ukuta wa mbele uchorwe dunia kama anavyoiona mtu aliyesimama mwezini: chini majabali ya kijivu, juu weusi mtupu, katikati dunia ya buluu. Nikapewa mimi kwa kuwa nina mkono wa kuchora, nikaunguzwa na jua wiki mbili, na wallahi ilipendeza. Sasa, ukiwa mwezini, Somalia yote ni kama ukucha, visiwa vyetu vidogo vya hapa pwani havionekani hata kwa dawa. Hilo nalijua, nalifundisha! Lakini siku ya mwisho rangi nyeupe ilibaki kidogo kwenye brashi, nikamkumbuka mama yangu aliyezaliwa kisiwa cha Ngumi, nikatia nukta. Nukta moja tu, jamani.

Kesho yake asubuhi wazazi wakaalikwa kuja kutazama. Mimi niliyekuwa nikimngoja ni mmoja, Mzee Shee wa kisiwa cha Chovai, babake Mwanaamina, maana wazee wangu walishakwenda kwake kuposa na jibu alikuwa hajatoa. Nikavaa kanzu mpya kwa ajili yake. Mama yangu naye, badala ya kunyamaza, akanyoosha kidole mbele ya watu wote: "Ile pale ndiyo Ngumi! Mwanangu ameitia!"

Mzee Shee akasogea mpaka pua ikakaribia kugusa ukuta.

"Na Chovai?"

"Mzee wangu, kutoka mwezini Chovai haionekani."

"Ngumi yaonekana?"

Nikakimbilia brashi, nikaitia Chovai, na kwa ile hofu nikaitia kubwa, watu wa Ngumi wakaja juu, nikaikuza na Ngumi, mara nasikia mtu ananiita kwa nyuma, "Waryaa, na Koyama je?" na mwingine Chula, na mwingine anadai kisiwa chao nimekipeleka Yemen (watu ambao tangu nianze kazi ile hakuna aliyeniletea hata maji ya kunywa!), mpaka bahari ikawa kama imeota ndui. Nikachanganyikiwa, nikaona heri nifute zote, nikafuta kwa mkono wa kanzu, rangi mbichi ikavutwa, pwani yote ikazama kwenye weupe. Watu walicheka mpaka wakashika mbavu. Mzee Shee hakucheka, aliondoka bila kunipa mkono.

Siku ya tatu jibu likaja kupitia shangazi yangu, kwa lafudhi ile ile ya visiwani ambako mtu ni mchu: "Mchu asiyeiona Chovai, binti yangu atamwonaje?"

Niliwaka! Nikampigia simu Mwanaamina nikafoka kwamba babake hajui mwezi uko umbali gani, kwamba nimeonewa, kwamba hata Mogadishu sikuitia na hakuna aliyenishitaki. Akaniacha nikamaliza.

"Baba amekaa kambi ya wakimbizi Kenya miaka mingi," akasema. "Kila ramani aliyoiona ukutani aliitafuta Chovai. Hajaipata hata moja. Alipoiona Ngumi kwenye yako alifurahi, alidhani na yeye leo ataonyesha kwao."

Hasira ninayo mpaka leo, siwafichi, ila sasa nusu yake najikasirikia mwenyewe.

Nimeapa sitatia tena nukta ya kwetu kabla ya nukta ya mwenzangu. Ukuta nimeupaka upya, na Chovai iko pale peke yake, kubwa kuliko Madagaska (mama hajanisemesha tangu juzi), na wanafunzi wakiniuliza hiyo ni sayansi gani, nawaambia wanyamaze, tunamngoja Mzee Shee apite.