Miaka Tisa Aliyoiruka Lempi

Aune alipopandishwa kutoka mgodi wa shaba wa Hitala, mdogo wake Lempi alikuwa akimngoja mlangoni pa lifti na blanketi mkononi. Kitu cha kwanza Lempi alichokitazama ni meno ya dada yake. Yote yalikuwapo.

"Wewe ni Lempi?" Aune aliuliza. "Au ni mama?"

"Mama alishakufa. Ni mimi, dada. Jifunike, kuna baridi."

Kule chini, ngazi ya tisa, siku moja ni wiki nzima ya huku juu. Jambo hilo lilijulikana mwaka 1889, pale wachimbaji walioshuka kwa siku tatu walipotoka na kukuta wake zao wamekwisha kuvaa nyeusi. Miaka michache baadaye mwanamume mmoja alitoka, akaingia kwake moja kwa moja, akakuta mwingine amekalia kiti chake. Shoka lilitumika. Tangu hapo, anayetoka chini haingii nyumba yoyote kabla ya kusimuliwa. Hukalishwa katika sauna, kibanda cha kuogea kwa mvuke, na ndugu yake humwambia yote, mwaka baada ya mwaka, bila kuruka kifo wala ndoa. Habari hazishushwi chini. Mtu akisikia msiba akiwa mwambani, nyundo humponyoka.

Aune alishuka kuwapikia wachimbaji mwaka 1903, akiwa na miaka ishirini na tisa, wiki ileile Urho Rautio, fundi mapipa, alipotangaza kumchumbia Sanelma. Sasa ulikuwa mwaka 1931, mgodi unafungwa. Aune alikuwa na miaka thelathini na mitatu. Lempi, aliyemfuata kwa miaka mitatu, alikuwa na hamsini na minne. Koti aliloliacha Aune lilikuwa bado linaning'inia nyuma ya mlango. Lempi alikuwa akilijaribu kila mwaka, hadi vifungo vilipokataa.

Njiani walipishana na jirani yao, Hilja.

"Hongera, Lempi. Binti amekua."

"Huyu ni dada yangu mkubwa."

"Najua, mwenzangu. Ndiyo maana nacheka."

Katika sauna Lempi alimwaga maji juu ya mawe, akasimulia. Alisimulia vizuri: kifo cha baba, moto wa shule, vita, homa kubwa. Akafika Novemba ya 1922. Aune alikuwa akikamua nywele zake, nyeusi, zinazofika kiunoni. Lempi alizitazama, kisha akarukia mwaka ambao viazi viliozea ardhini.

"Na Urho?" Aune aliuliza.

"Yupo. Bado anatengeneza mapipa."

"Na mkewe?"

"Aliugua kifua, mwaka ule wa ishirini na mbili."

Hilo lilikuwa kweli. Lempi akaongeza maji, mvuke ukawa mzito hata nyuso hazikuonekana.

Kwa karibu miaka tisa Urho alikuwa akija kwa Lempi kila Jumamosi mchana, kunywa kahawa na kutengeneza kilichovunjika. Hakuwahi kusema neno. Lakini mwezi uliopita alikuja na kikombe chake mwenyewe, akakiacha kabatini, na Lempi alikuwa hajalala vizuri tangu siku hiyo.

Jumamosi ilipofika, Urho aliingia na kofia mkononi, akasimama.

"Aune," alisema. "Hujabadilika hata kidogo."

Lempi alimkalisha, akamimina kahawa, akakata mkate wa iliki vipande vinene kuliko kawaida.

"Nimekaa chini miaka minne tu, Bwana Urho. Sanelma hajambo? Kifua kimepoa?"

Urho aliweka kisahani chini taratibu. "Sanelma tulimzika miaka tisa iliyopita."

Wote wawili wakamgeukia Lempi.

"Umeruka," Aune alisema.

"Nimeruka, dada."

"Basi rudi hapo."

Kila mtu wa Hitala anajua: aliyeruka hurudi pale aliporuka, akasimulia upya mbele ya yeyote aliyepo. Lempi mwenyewe alishawalazimisha wengine. Alikaa, akafuta mikono kwenye aproni.

"Novemba 1922, Sanelma alikufa kwa kichomi. Machi iliyofuata, Urho alikuja kunitengenezea bomba. Akarudi Jumamosi iliyofuata, na bomba lilikuwa zima."

"Lilikuwa linavuja," Urho alisema.

"Halikuvuja. Anayesimuliwa hakatizi, na wewe pia nyamaza." Akamgeukia Aune. "Amekuja kila Jumamosi. Mimi huanza kumngoja Jumapili. Sikukwambia, dada, kwa sababu ya nywele zako."

Aune hakucheka. "Ndizo tu?"

"Na meno."

Urho alikuwa ameinamisha kichwa. "Endelea, Lempi," alisema. "Bado kuna miaka minane."

Akaendelea, Jumamosi baada ya Jumamosi, na muda wote alikuwa akiangalia macho ya Urho yanaelekea wapi. Yalimgeukia Aune mara mbili. Mara ya pili yalikawia, na Lempi akasitisha maneno hadi yaliporudi.

"Mwaka 1924," alisema.