Sosi ya Chai ya Mdogo Wangu

Wiki ile sikuweza kutulia. Nikikaa kwenye kigoda, nainuka. Nikienda shambani kupalilia tangawizi, jembe halijapata joto la mkono narudi nyumbani kuangalia kama kile kitambaa kilichoning'inia juu ya beseni bado kinadondosha maji. Mdogo wangu, kitinda mimba wetu, alikuwa amerudi kwetu Mamba, huku milimani kwenye tangawizi, kutoka Moshi alikosomea mambo ya hoteli, na Ijumaa alitakiwa afike hoteli moja ya watalii kule chini, nje kidogo ya Same, akajaribiwe. Jikoni palikuwa na nafasi moja. Walioitwa walikuwa kadhaa, na kila mmoja aliambiwa aende na kitu alichokitengeneza kwa mkono wake, cha kuchovyea mboga mbichi kabla chakula chenyewe hakijaletwa mezani. Akipata, ana kazi. Asipopata, anarudi kulima na mimi. Na mimi nilikuwa nimeshaapa moyoni kwamba katika nyumba yetu, mtu atakayekatiwa njia na jembe ni mimi peke yangu.

Niliacha shule darasa la sita. Baba alitangulia, mama akafuata huyu mdogo akiwa bado anatambaa. Nyuma yangu walikuwa watatu, na hakuna aliyekuja kutupikia, kwa hiyo nikapika. Nilijifunza ugali kwa kuunguza ugali. Wanaume wa pale kijijini walikuwa wakiniita "mama mwenye ndevu" hata kabla ndevu zenyewe hazijaota. Wawili wa katikati wamekwisha shika njia zao: mmoja anaendesha lori Dar es Salaam, mwingine ameolewa Suji. Nilikuwa nimebakiza huyu.

Alifika na boksi dogo la chai ya kijani.

"Hii imetoka Usambara, kaka. Ndiyo nitakayoitumia."

"Kwa kunywa?"

"Kwa kula. Naitia kwenye maziwa ya mgando yaliyochujwa, na chumvi, na kitunguu saumu. Inakuwa sosi. Mtu anachovya karoti, anachovya muhogo wa kukaanga."

Nilifungua boksi nikanusa. Ilikuwa na harufu ya majani yaliyokatwa asubuhi. Nikamwuliza nani aliwahi kula chai kwa chumvi. Akasema ndiyo maana ameichagua. Wenzake wote watapeleka parachichi.

Maziwa tulichukua kwa shangazi, dada yake baba, ambaye nyumba yake iko chini ya yetu, hatua chache tu kwenye mteremko. Ng'ombe wake ni mmoja na maneno yake ni mengi. Alitumiminia mgando kwenye sufuria huku akituchungulia usoni.

"Baba, nasikia mnapika uji wa majani."

Tangu nikiwa mdogo ananiita baba.

"Si uji, shangazi. Ni sosi."

"Sosi ya nyumba isiyo na nyama! Haya, nendeni. Mkifa nitamwambia nani?"

Tuliufunga mgando katika kitambaa cheupe kisafi, tukauning'iniza kwenye boriti ya jikoni, ukachuruzika mpaka ukabaki mzito, laini, unaokaa kwenye kijiko hata ukikigeuza juu chini. Mpaka hapo mambo yalikuwa mazuri. Kazi ya chai nikaichukua mimi, maana chai najua. Niliitia kwenye maji, nikaiacha ichemke kama tunavyochemsha chai sisi, mpaka ikapiga rangi na mvuke ukajaa jikoni. Kwetu chai ambayo haijachemka barabara mgeni hapewi. Mdogo wangu aliporudi kutoka kuchota maji alikuta nimeshaichanganya.

Alionja, akatema mlangoni.

"Kaka, hii haichemshwi! Maji yakianza kutoa mvuke unaipua, unayaacha kidogo, ndipo unaloweka. Umeiua."

"Sasa chai ya kuogopa moto ni chai gani?"

Tukaanza upya, na safari hii alinifukuza karibu na jiko. Aliloweka majani, akachuja, akachukua mengine makavu akayatwanga kwenye kinu mpaka yakawa unga wa kijani, akauchekecha kwa chujio la chai. Akakoroga vyote katika maziwa pamoja na chumvi, kitunguu saumu na limau kidogo. Nilionja, na kwa mara ya kwanza nikaelewa alichokuwa akikitafuta. Ilikuwa na uchachu, na nyuma ya uchachu ikaja ile harufu ya majani, taratibu, ikakaa.

"Nzuri," nikasema. "Lakini haijasema imetoka wapi."

"Unataka iseme imetoka wapi?"

"Mamba."

Nikatoka, nikang'oa tangawizi, nikaiosha, nikaikwangua mbichi, nikaitia. Ilipanda puani kama inavyotakiwa. Hata yeye alicheka kwa utamu. Tukafunika bakuli, tukaliweka katika beseni la maji ya baridi, na nikaenda kulala nikiwa na amani kidogo.

Asubuhi sosi ilikuwa chungu. Si uchungu wa chai iliyochemka sana. Ulikuwa mwingine, wa kukwangua ulimi pembeni, na maziwa yalikuwa yamelegea, maji yamejitenga juu. Mdogo wangu alikaa kwenye kizingiti ameshika kijiko. Niliona mabega yake yameshuka, nikaanza kutembea uani. Nilichukua fagio, nikaliweka. Nikamwambia ni chai, ameweka nyingi mno, chai ni chai tu hata ikiwa ya kijani.

Alipunguza chai. Tukashuka tena kwa shangazi, na shangazi akauliza kama tunaoga maziwa yake. Tukachuja, tukakoroga, na jioni ilikuwa tamu tena. Wakati nakwangua tangawizi, shangazi mwenyewe akaingia. Alikuja kuona kinachomaliza mgando wake.

"Shikamoo shangazi."

"Marahaba. Nipeni huo uji niuonje."

"Subiri kwanza nitie tangawizi," nikasema.

"Hiyo usinitilie! Nimeilima hiyo tangawizi, nimeibeba mgongoni, nimesomesha nayo watoto. Tumboni siitaki, vidonda vyangu vinaamka. Nipe hivyo hivyo."

Mdogo wangu alimpakulia kwenye kibakuli, shangazi akaondoka nacho akisema atakula na viazi. Sisi tukatia tangawizi katika yetu, tukafunika.

Asubuhi, chungu. Chungu vilevile, na imelegea vilevile. Ilikuwa Alhamisi. Mdogo wangu hakulia, na hilo ndilo lililonitisha, kwa sababu huyu tangu utoto hulia kwa kila kitu, hata kuku akichinjwa. Alisema tu, "Labda nipeleke parachichi kama wengine." Nikatoka nje. Nilifika mpaka kwenye shamba, nikarudi. Nikafika mpaka barabarani, nikarudi. Ukungu ulikuwa umeshika bonde zima na sikuona hata paa la shangazi, ila nilisikia sauti yake ikipanda mteremko kabla yeye hajaonekana.

"Imebaki? Nimekuja na kibakuli. Ile ya jana nimeimalizia asubuhi hii na kiporo cha ndizi. Mbona hamkuniambia kwamba ni tamu?"

Mdogo wangu alisimama.

"Asubuhi hii, shangazi? Haikuwa chungu?"

"Chungu kwa nini? Mmenitilia sumu?"

Nilimwona mdogo wangu akigeuza shingo polepole kunitazama, na nikajua anachotaka kusema kabla hajasema.

"Kaka. Ni tangawizi."

"Tangawizi haijawahi kuharibu kitu."

"Yake haikuwa na tangawizi. Haikuharibika."

"Kibakuli chake ni cha udongo. Kimeipoza."

"Kaka!"

"Tunatia kwenye chai ya maziwa kila siku ya Mungu. Umewahi kuona ikawa chungu?"

"Ile inachemka. Hii ni mbichi, tena imelala na maziwa usiku kucha."

Shangazi alikuwa akitutazama kwa zamu, kama mtu aliyefika kwenye baraza la kesi.

"Baba," akasema, "mtoto uliyempeleka shule anakwambia, na wewe unatetea mzizi."

Tulijaribu mchana ule, vibakuli viwili, kimoja na tangawizi mbichi na kingine bila. Nilivizunguka kama kuku anayetaka kutaga. Kabla ya jioni cha tangawizi kilikuwa kimeanza kugeuka. Nilionja mara nyingi kuliko ilivyohitajika, nikitumaini ulimi wangu ndio mbovu. Halafu nikasema basi tuikaange kwanza, ipite kwenye moto, kisha ndiyo tuitie. Mdogo wangu akatikisa kichwa.

"Kesho ndiyo siku yenyewe. Sina nafasi ya kubahatisha. Naenda bila tangawizi."

Niliona ni kama anakwenda bila kusema kwao ni wapi. Lakini kazi ilikuwa ya kwake, na ulimi utakaohukumu haukuwa wangu. Nikamsaidia kuchuja maziwa ya mwisho.

Ijumaa alfajiri nilimpakia kwenye pikipiki. Sosi tuliitia ndani ya hotipoti, maana linalozuia joto lisitoke huzuia pia lisiingie, na alilikumbatia njia nzima kama mtoto mchanga. Tuliteremka kwenye ubaridi, tukaukuta moto wa tambarare ukitungoja. Kwenye geti la hoteli akashuka, akajifuta vumbi, akaniambia niende Same mjini nikanywe chai, atanipigia. Sikwenda. Nilisimama kwenye kivuli cha ukuta, nikahama kivuli kilipohama. Nilikagua mnyororo wa pikipiki, nikaukagua tena.

"Bro, kaa basi," mlinzi wa getini akaniambia. "Unanichosha macho."

"Nimekaa sana barabarani."

"Aliyeingia ni mkeo?"

"Mdogo wangu. Mwanangu." Akanitazama, nami sikueleza.

Wengine walianza kutoka, mmoja na ndoo yake, mwingine anaongea na simu kwa sauti ya chini. Yeye hakutoka. Halafu nikamwona anakuja mbio, amevaa aproni ambayo si yake.

"Kaka, nipe tangawizi."

"Nitoe wapi tangawizi huku?"

"Usinifanyie hivyo. Wewe hutembei bila tangawizi."

Nikatia mkono kwenye mfuko wa jaketi, nikampa. Sikuwa nimemwambia kama nimeibeba. Alisema kwa haraka, akihema, kwamba mpishi mkuu ameonja, ameonja tena, kisha amemwuliza anatoka wapi. Alipotaja Mamba yule mpishi akacheka: Mamba, na humu hamna tangawizi? Yeye akaeleza kwamba mbichi inaharibu maziwa, inayatia uchungu. Mpishi akamwambia, basi nionyeshe isiyoharibu, na tutaiacha mpaka jioni tuone.

"Ile ya kukaanga. Umewahi kuijaribu?"

"Sijawahi."

"Sasa jana ulikuwa unabishana kwa kutegemea nini?"

"Nilikuwa nabishana tu."

Alicheka, na wiki nzima sikuwa nimemwona akicheka hivyo.

"Moto mdogo," nikamwambia, kwa sauti ya mtu anayejua. "Usiikimbize. Ikiacha kukupiga puani, ipua. Iache ipoe kabisa ndipo iguse maziwa."

Akarudi mbio. Mlinzi akaniletea kiti cha plastiki bila kuuliza, na nikakaa, lakini goti langu halikukaa. Nilijua zaidi ya wote mle ndani jinsi kitu kile kinavyokuwa kitamu mwanzoni, kabla hakijageuka. Saa za mchana zilipita na magari ya wageni, kila gari likiingia naona ndilo linalokwenda kuonja. Nilifikiria kuingia niwaambie tangawizi ilikuwa wazo langu, wasimhesabie yeye kosa. Nilisimama kabisa. Mlinzi akasema, "Bro," nikakaa.

Jua lilikuwa limeegemea upande wa milima alipotoka, anatembea. Sikuweza kusoma uso wake. Alinyoosha mkono, na kwenye kidole cha shahada alikuwa na sosi kidogo, kama nilivyokuwa nikimwonjesha uji utotoni. Nikalamba. Haikuwa chungu.

"Naanza leo leo," akasema. "Wana wageni wengi, mpishi kasema nibaki. Chumba wamenipa, tunalala wawili. Nguo zangu uniletee Jumapili baada ya ibada."

"Leo leo?"

"Leo leo, kaka. Wahi, ukungu utakukuta juu."

Mlinzi akampongeza kwa kelele, akanipongeza na mimi. Nilimwambia mdogo wangu ale, alale mapema, asimjibu mkubwa wake kama anavyonijibu mimi. Akasema ndiyo, ndiyo, ndiyo, huku akirudi nyumanyuma kuelekea jikoni.

Nikawasha pikipiki. Kwenye kona ya kwanza ya kupanda nikasema, "Shika vizuri," kama ninavyosema kila ninapompakia. Kwenye kona ya pili nilikaa kimya, lakini mwendo niliupunguza vilevile.