Wazee wetu walimwekea mdogo wangu sharti la mechi ya timu ya taifa ya wanawake, wakasahau kwamba duniani kuna sare

Wakuu, shikamooni mnaostahili, wengine mambo vipi.

Hiki ninachowasimulia kimetokea nyumbani kwetu na nilikuwepo mwanzo mpaka mwisho. Nimebadilisha majina mawili ili nisije nikafukuzwa kwenye ukoo. Mengine sijaongeza chumvi, na mkimaliza kusoma mtaona haikuhitajika.

Mods, naomba msiupeleke uzi huu jukwaa la michezo. Mpira umo ndani, ila hii ni kesi ya familia.

Kwetu ni Butiama, ndani ndani kidogo, ukishuka kwenye lami unachukua bodaboda. Baba alifariki nikiwa bado sekondari, kwa hiyo kauli ya mwisho ya nyumba yetu iko kwa baba mkubwa. Mzee huyu ni mwenyekiti wa jumuiya ya kanisani, yaani hata akiomba chumvi mezani anaiomba kama anafungua kikao.

Mdogo wangu nitamwita Wegesa. Kamaliza form four na anacheza mpira, beki wa kushoto. Sizungumzii kuchezacheza. Vijana wa pale kijijini walishaacha kupitisha mpira upande wake, wanazungukia kulia kama vile kushoto kuna shimo.

Sasa kuna timu ya wasichana Musoma mjini. Kocha wao alimuona kwenye mashindano ya shule akamtumia ujumbe kwamba nafasi ipo, aripoti Jumatatu asubuhi. Asipofika anapewa binti mwingine wa Tarime aliyekuwa anasubiri hiyo hiyo.

Malazi hayakuwa shida. Shangazi yetu, ambaye ni mdogo wake baba mkubwa, anaishi Bweri, hapo hapo Musoma, na alisema chumba kipo na kitanda kipo.

Kilichobaki ni ruhusa ya baba mkubwa.

Kikao kikaitishwa. Alikuwepo yeye mwenyewe, baba mdogo, mama, mimi, na binamu yetu ambaye nitamwita Mafuru. Wegesa alikuwa jikoni, anasonga ugali wa kikao cha kumjadili yeye.

Mafuru ana kibanda umiza pale Manyamanyama, Bunda. Mabenchi, skrini moja, na joto la kutosha. Kazi yake ni kuonyesha mpira wa Ulaya, na watu wanamwita Mchambuzi. Anajua kipa wa akiba wa timu ya England aliumia goti lipi. Kwa sifa hizo akaitwa kikaoni kama mtaalamu wetu.

Baba mkubwa akafungua kwa sala, kisha akamgeukia Mafuru.

"Hawa mabinti wa timu ya taifa, rekodi yao ya mechi za nje ikoje?"

"Wanafungwaga tu, baba," Mafuru akajibu bila hata kumeza mate. "Nyumbani wanafungwaga, ugenini ndiyo usiseme."

Nikamuuliza mechi yao ya mwisho aliyoitazama ni ipi. Akasema mchambuzi mzuri hahitaji kutazama, trend inajionyesha.

Wakuu, nikatoa simu. Nikawaambia hawa dada wameshabeba kombe la ukanda wetu huu, na wameshafuzu AFCON ya wanawake, kwa hiyo kufungwa tu kunatoka wapi. Baba mdogo akasema mitandaoni kila mtu anaandikaga anachotaka.

Na nyinyi mmo humo, msicheke.

Basi baba mkubwa akatoa hukumu. Jumamosi timu ya taifa ya wanawake inacheza ugenini. Wakishinda, Wegesa aende Musoma. Wakifungwa, abaki, atafutiwe chuo cha ushonaji. Akasema hawezi kumlea mtoto mpaka form four halafu akamkabidhi kwenye kazi ya kufungwa.

Mimi ninamfahamu yule mzee. Alikuwa ameshakataa, ila hakutaka kukataa kwa mdomo wake kwa sababu mama angenuna mpaka Krismasi. Akaona kazi hiyo waifanye mabinti wa timu ya taifa, yeye abaki mtu mwema. Na kwa uhakika aliopewa na Mchambuzi, hakuona hatari yoyote.

Jumamosi tukaenda Bunda kwa Mafuru, maana kwetu umeme siku hiyo ulikuwa wa kubahatisha. Wegesa naye alikuja. Alipofika akakaa benchi la mwisho karibu na mlango.

Sitaji tulicheza na nani. Nawafahamu, nikitaja tu mtahamia kwenye siasa za hao majirani na uzi utaishia hapo.

Kibanda kilikuwa kimejaa watu waliokuja kutazama mechi ya England ya muda huo huo. Mafuru alipotangaza kwamba leo ni mechi ya wanawake, zogo likaanza. Wapo waliosema bora wakatazame ng'ombe wanavyokunywa maji. Mmoja akadai arudishiwe kiingilio chake.

Ndipo baba mkubwa akasimama, akavua kofia, akasema kwa sauti ya kanisani, "Tumsifu Yesu Kristo."

Kibanda kizima kikajibu, "Milele, amina." Mdomo ulikwenda wenyewe kwa mazoea. Sasa ukishamjibu mtu hivyo, huwezi tena kudai kiingilio. Watu wakakaa.

Mechi ikaanza na Mchambuzi akaanza kazi yake. Akatueleza formation, akatueleza kwa nini kiungo wetu amechoka wakati mechi ilikuwa haijakolea. Majina ya wachezaji hakuwa na hata moja, alikuwa anasema huyu mrefu, huyu wa rasta. Baadaye akaniinamia sikioni akauliza sisi ni jezi ipi.

Naapa, aliniuliza jezi ipi.

Vidole vya baba mkubwa vilikuwa vinatembea kwenye rozari. Kwa nilivyokuwa nimemkaa ubavuni, nadhani alikuwa Mtanzania pekee siku ile anayeiombea nchi yake ifungwe, tena kwa kupitia Bikira Maria.

Kisha tukapata goli. Beki wetu wa kushoto alipanda, akamwaga krosi, yule mrefu akaweka kichwa. Kibanda kililipuka, hata yule wa kiingilio.

Na baba mkubwa aliruka. Wakuu, mzee aliruka mpaka rozari ikamtoka mkononi, akamkumbatia mtu asiyemjua. Halafu akakumbuka alichokifuata pale. Akakaa polepole, akasema benchi limemuuma mgongo.

Niligeuka nyuma. Wegesa alikuwa amesimama, viganja viko mdomoni.

Kipindi cha pili wenyeji wakasawazisha, mwishoni mwishoni. Kona, kipa wetu akatoka vibaya. Kwa hesabu za mzee hii ilikuwa habari njema, au tuseme ni nusu ya habari njema. Lakini alimfokea yule kipa kama amemzaa. Alimuuliza anatokaje golini hivyo, nani amemfundisha, na kwao hawana wazee.

Dakika zikaisha. Goli moja kila upande.

Baba mdogo akauliza hii sasa inakuwaje.

Wazee wetu na Mchambuzi wao ni watu wanaotazama mpira kila wikendi ya maisha yao. Sare wanaziona, sare zinawaharibia mikeka yao ya kubeti, wanazilalamikia mpaka Jumatano. Lakini wakati wa kumwekea binti sharti, hakuna hata mmoja aliyekumbuka kwamba mpira una matokeo matatu. Kwenye vichwa vyao mwanamke ama anafungwa, ama anafungwa sana.

Njia nzima ya kurudi ilikuwa kesi. Mafuru, ambaye tulikuwa tumemchukua akatoe ushahidi wa kitaalamu, sasa alikuwa amegeuka. Akasema sare ya ugenini ni ushindi, timu zote kubwa zinahesabu hivyo. Baba mdogo akasema ushindi ni pointi tatu na sare ni pointi moja, kwa hiyo Wegesa apewe sehemu yake moja, aende Musoma wiki moja halafu arudi nyumbani wiki mbili.

Hakuwa anatania. Na baba mkubwa alilifikiria kwa muda mrefu kabisa.

Jumapili baada ya misa hukumu ikatoka upya. Baba mkubwa alisema jambo hili halijaamuliwa, na haki inataka tusubiri mechi ya marudiano.

Nikamwambia marudiano ni wiki kadhaa mbele na Wegesa anatakiwa kuripoti kesho. Akaniambia nisiwe na haraka, mpira upo, hauendi popote.

Hapo nilikasirika wakuu, tena kweli. Nilitoka nje nikamkuta Wegesa nyuma ya jiko analia bila sauti, mwiko bado uko mkononi. Aliniuliza kwa nini wasimuulize yeye kama anaweza au hawezi.

Kumbe mama, ambaye kikao kizima hakuwa amesema kitu, alikuwa ameshapiga simu Bweri.

Shangazi alifika alasiri na bodaboda, akamwambia dereva amsubiri. Hakukaa, hata maji hakunywa. Akapiga goti kidogo akamsalimia kaka yake vizuri, kwa heshima zote. Kisha akaninyooshea mimi kidole.

"Kaka, huyu hapa alipokwendaga majaribio ya mpira Mwanza, mlitazama mechi gani kwanza?"

Naomba nieleze hapa. Ni kweli nilipomaliza shule nilikwenda Mwanza kujaribu kwenye timu moja. Nilipewa viatu vipya, nikapewa jogoo wa kumpelekea mwenyeji wangu, na jumuiya nzima ilikuja kuniombea. Hakuna mzee hata mmoja aliyeuliza rekodi ya timu ya taifa ya wanaume. Na rekodi yenyewe ya miaka ile wakuu mnaijua, tuiache ipumzike.

Kocha alinitazama siku ya kwanza, siku ya pili akaniita pembeni akaniambia nina nidhamu nzuri sana. Aliyewahi kwenda majaribio anajua hiyo ina maana gani.

Baba mkubwa akasema yule alikuwa mtoto wa kiume.

"Na alirudi," shangazi akasema. Halafu akageukia jikoni. "Wegesa, lete begi."

Begi lilikuwa limeshafungwa, liko nyuma ya mlango wa mama. Likawekwa mbele ya dereva juu ya tanki, shangazi akapanda, Wegesa akapanda nyuma yake, wakaondoka. Baba mkubwa alibaki anasema kikao hakijafungwa. Nadhani mpaka leo hakijafungwa.

Jumatatu Wegesa aliripoti. Kocha alimpa jezi, na wiki iliyofuata akaanza kucheza. Shangazi alinitumia picha yake kajaa matope mpaka masikioni, anacheka.

Ikafika siku ya marudiano.

Mimi niliitazama kwenye simu, kwa bando langu mwenyewe, picha inakwama kila wanapokaribia goli. Dada zetu wakashinda, na walishinda vizuri. Nikaona nimpigie baba mkubwa, maana alisema haki inataka tusubiri, na mimi nilikuwa nimesubiri.

Alipokea akiwa Manyamanyama, kibandani kwa Mafuru. Kelele zilikuwa nyingi, wanatazama mechi ya England. Nikamuuliza kama ameyaona marudiano.

"Marudiano ya nini, mwanangu?"

Nikamwambia ya timu ya taifa ya wanawake, yale tuliyokuwa tunayasubiri kwa ajili ya Wegesa. Nikamsikia anamuuliza Mafuru pembeni, na Mchambuzi akamjibu kwamba hata hakujua kama leo wanacheza.

Mzee akarudi kwenye simu.

"Wamefungwa ngapi?"

Nikamwambia wameshinda. Akakohoa kidogo, akachukua ile sauti yake ya kufunga kikao.

"Basi mwambie binti nimeruhusu. Anaweza kwenda."

Wakuu, wakati ananiambia hivyo Wegesa alikuwa ameshamaliza mwezi Musoma. Angekuwa amemsubiri yule mzee, nafasi ingekuwa ya yule binti wa Tarime na yeye angekuwa kwenye cherehani, akisubiri mechi ambayo mwamuzi wake mwenyewe hajui kama imechezwa.

Nilichojifunza ni hiki. Anayekuuliza rekodi ya kitu ambacho hajawahi kukitazama hatafuti kujua. Ameshaamua, anatafuta wa kumbebesha lawama. Mama yangu alilijua hilo tangu mwanzo, ndiyo maana hakubishana na mtu, alifunga begi.

Haya, uwanja ni wenu. Wenye mabinti na wadogo zenu wanaosubiri kikao kifungwe, niambieni huko kwenu wameambiwa wasubiri mechi gani. Na wachambuzi mnaokuja hapa kunisahihisha, karibuni sana, ila kwanza semeni mechi yao ya mwisho mliyoitazama ilikuwa lini, na sisi tulikuwa jezi ipi.